Radi Iliyobeba Diski

Kwamba Adolfu alikufa kwa radi, hapakuwa na mtu wa kubisha mjini Sumbawanga. Jumamosi ile jioni mvua ilishuka kutoka upande wa Pito na ngurumo za kutikisa vyombo kabatini, na ilipopungua, duka lake la muvi nyuma ya stendi lilikuwa linafuka moshi na mwenyewe yumo ndani. Watu walibishana juu ya jambo jingine: radi ile ilikuwa imetumwa na nani.

Jumanne asubuhi Inspekta Winifrida Sikazwe alikuwa amechuchumaa katikati ya majivu yaliyolowa, sketi kaipandisha juu ya viatu vya mvua, akifukua taratibu kwa kipande cha nondo. Ukungu wa baridi ulikuwa haujatoka barabarani. Mlangoni, Konstebo Nyanda, Msukuma aliyehamishiwa Rukwa kabla ya Krismasi, alisimama mguu mmoja ndani, mmoja nje.

"Afande, tusikae sana humu. Wenyeji wanasema ilipopiga mara moja hurudi."

"Wenyeji ndio mimi, Nyanda. Leta ndoo."

Nyanda akaleta ndoo, lakini mguu wa nje haukuingia.

Winifrida alitoa kitu kimoja kimoja. Mabaki ya kompyuta mbili. Fremu ya runinga. Feni. Deki zilizoyeyuka zikashikamana kama nta. Kila kilichokuwa plastiki kilikuwa kimekwisha, kila kilichokuwa chuma kilikuwepo, kimepinda lakini kipo. Akafukua tena pale meza ilipokuwa. Akahamia pembeni, akachekecha majivu kwa wavu wa dirisha.

"Adolfu alikuwa anauza nini?" aliuliza.

"Muvi, afande. Sizoni. Unampelekea flashi, anakuwekea."

"Anazitoa wapi?"

"Kwenye zile diski kubwa za nje."

"Ndani ya diski kuna sahani za chuma. Moto ulioacha chuma cha feni hauwezi kuzimaliza sahani zile. Nitafutie hata moja."

Nyanda alisahau mguu wake. Akaingia mzima, akainama, wakatafuta pamoja hadi mikono ikawa myeusi hadi viwiko. Hawakupata kitu.

Winifrida alitoka nje kunawa. Ukutani, mita ya umeme ya duka ilikuwa bado inawaka taa yake nyekundu. Fundi cherehani wa mlango wa pili, aliyekuwa amevuta umeme kwenye mita ileile, alikuwa anasikiliza redio. Alimsalimia, akamuuliza kama kuna chochote kilichoungua kwake siku ile.

"Hakuna, mama. Redio haikuzima hata kidogo. Ndiyo maana tunasema haikuwa radi ya Mungu. Ilijua inapokwenda."

"Kweli ilijua," alisema Winifrida. "Na ilijua cha kubeba."

*

Msibani, wanawake walikuwa wamejaa chumba kizima, miguu wameikunja mikekani. Maziko yalikuwa yamepangwa baada ya misa ya adhuhuri. Mwili ulikuwa umetoka hospitali jana usiku, na jeneza liliwekwa sebuleni, la mbao nzuri zilizopigwa vanishi, zuri kuliko kitu kingine chochote kilichokuwemo katika nyumba ile.

Winifrida alivua viatu, akaketi karibu na mjane.

"Pole sana, dada Rozina."

"Nimeshapoa, afande. Karibu chini." Sauti ya Rozina ilikuwa imekauka. "Umekuja kutuambia umemkamata?"

"Nimkamate nani?"

Aliyejibu ni Bertila, dada yake Adolfu, mwanamke mnene aliyekuwa amejifunga kanga kiunoni kama anayekwenda kulima. "Mariana wa Kasense, yule mtengeneza filamu, nani mwingine? Mwezi jana alisimama mlangoni kwa kaka yangu, watu wote wanasikia, akasema, 'Mnaotuibia jasho letu, Mungu atawaonyesha.' Haya. Ameonyesha."

Wanawake walivuta pumzi kwa pamoja. Winifrida alizijua pumzi zile. Alikua nazo. Kwenye mji huu zilikuwa zikivutwa hivyo, kisha baada ya siku mbili tatu nyumba ya mtu inateketea na hakuna aliyeona.

"Kulikuwa na diski ngapi dukani?" alimuuliza Rozina.

"Tatu. Alizitia alama kwa rangi yangu ya kucha, ya zambarau, maana wenzake walikuwa wakimbadilishia."

"Jumamosi jioni alikuwa na mgeni?"

"Mimi nilikuwa kwenye kwaya. Lakini tangu Alhamisi hakuwa anakula vizuri. Aliniambia, 'Mke wangu, nimeletewa mzigo ambao nikiuuza sitaweza kupita Kasense tena nikiwa nimeinua uso.' Nikamuuliza mzigo gani. Akavaa koti, akatoka."

Kasense. Kwa kina Mariana. Bertila naye alilisikia jina, akalielewa kwa njia yake.

"Mnaona? Alishamuogopa."

"Au alimwonea haya," alisema Winifrida.

"Wewe unamtetea. Na mama yako pale Pito anatazama sizoni za Kikorea kila siku, Adolfu alikuwa anamwekea bure kwa heshima. Au hujui?"

"Najua," Winifrida alisema. "Mimi ndiye nilikuwa napeleka flashi."

Winifrida aliligeukia jeneza ili asitazamwe. "Mmepata msaada mzuri."

"Mzee Beda wa Laela," alisema Rozina, na kwa mara ya kwanza macho yake yakalainika. "Baba wa ubatizo wa mtoto wetu mkubwa. Jeneza ni yeye, mahindi ya msiba ni yeye. Leo ameshindwa kuja tu, malori yake yanapakia. Ndiye aliyenipigia Jumapili kunionya nijihadhari na huyo Mariana."

*

Usiku uliotangulia watu walikuwa wamepiga mawe bati na madirisha ya Mariana, kule Kasense. Winifrida alimkuta akifagia vioo barazani, mwanamke mwembamba wa makamo, nywele fupi, suruali ya jinzi iliyochakaa magotini. Ndani, kamera ilikuwa imefunikwa kwa shuka juu ya kiti cha pekee kizuri, yeye mwenyewe akaketi kwenye debe.

"Nilisema, ndiyo," alianza kabla hajaulizwa. "Sitakana. Filamu yangu ya kwanza nilikutana nayo ndani ya basi la Mpanda. Wanaonyesha abiria. Sijamaliza kuwalipa waigizaji wangu, na kondakta ananiuliza, 'Dada, mbona wewe hucheki?' Tangu siku hiyo kila duka la flashi nikilipita naona giza."

"Na hii mpya?"

"Ulezi Mchungu. Sehemu nane. Watu wanazungumza Kifipa, maandishi ya Kiswahili chini. Kuna kampuni Dar es Salaam ina programu ya kutazama kwenye simu, wameinunua. Itaingia Ijumaa. Ila mkataba uko wazi: ikionekana kokote kabla ya hapo, wanaondoka, na mimi nimeiweka nyumba hii dhamana."

Winifrida aliangalia dirisha lisilo na kioo. Ng'ambo ya shamba la mahindi, vijana watatu walikuwa wamekaa juu ya kichuguu, hawafanyi kitu, wanatazama nyumba.

"Adolfu alikuwa anakuja huku Kasense?"

Mariana aliinuka kwenye debe.

"Alinipigia simu," alisema polepole. "Jumamosi mchana. Alisema, 'Dada Mariana, mimi Wakorea nawaibia na nalala usingizi. Hawanijui, na hata nikitaka kuwalipa, huku kwetu hawana dirisha la kulipia. Kadi sina, bando sina. Lakini wewe mama yako alinibeba mgongoni nilipougua surua. Nimeletewa kitu chako ambacho hakijatoka. Njoo kesho baada ya misa nikuonyeshe, na aliyeleta nikutajie.'"

"Mbona hukuja kituoni?"

"Niseme nini, afande? Kwamba mtu niliyemlaani hadharani amenipigia simu ya upendo siku aliyokufa? Wewe ungeamini?"

"Kampuni ya simu itaamini. Nani alikuwa na nakala?"

"Watu watatu tu. Kampuni, mimi, na Mzee Beda, kwa sababu nusu ya gharama aliitoa yeye. Kila nakala niliipa namba yake, hafifu, pembeni ya picha. Kampuni ndio walinifundisha. Yao ni moja, yangu ni mbili."

"Na tatu ni ya Mzee Beda."

"Lakini yeye aivujishe ya nini? Si na yeye anapoteza?"

Winifrida alimwomba waende wote kituoni, akae huko hadi maziko yapite. Mariana alitikisa kichwa.

"Nikikimbia watasema ndiyo mimi. Na wataniunguzia vyombo."

Winifrida alimtafuta mwenyekiti wa mtaa, akamweka barazani pale na filimbi yake. Alipoingia garini, wale vijana kwenye kichuguu walikuwa wameshakuwa saba.

*

Barabara ya Laela ilipita kati ya mashamba yaliyofika kiunoni, mawingu yameinama hadi unaweza kuyagusa kwa fimbo. Simu zote mbili zilikuwa hazishiki mtandao. Nyanda aliendesha kimya, hadi akashindwa.

"Afande, mimi siamini mtu anaweza kuua mtu kwa ajili ya sizoni."

"Watu wanauana kwa ajili ya tuta la shamba. Hii ina faida kuliko tuta."

Kwenye stendi ya Laela, Winifrida alijifunika kitenge, akaingia peke yake katika kibanda kilichobandikwa picha za muvi hadi dari. Muuzaji, binti mchangamfu aliyejitambulisha kwa jina la Silvana, alimpisha kiti.

"Mama, unapenda za Kikorea zilizotafsiriwa, au za Kituruki?"

"Nimechoka na za mbali. Hamna ya kwetu?"

Silvana akatabasamu kama mtu aliyekuwa akisubiri swali hilo. "Ipo. Ya Kifipa kabisa. Haijatoka popote duniani. Imetoka hapa."

Akaiwasha. Mwanamke mzee alikuwa anapepeta ulezi uani na kumsema mkwewe kwa Kifipa, Kifipa chenyewe cha nyumbani, chenye matusi ya upole, na Winifrida alijikuta anataka kucheka. Kisha akaangalia pembeni ya picha, juu kulia. Namba ilikuwa hafifu kama alama ya kidole kwenye kioo. Tatu.

Alishusha macho mezani. Diski ilikuwa nyeusi, ya kawaida. Kwenye ubavu wake ulipita mstari mmoja wa zambarau.

"Diski nzuri. Umeinunua wapi?"

"Si yangu, mama. Tunaletewa. Vibanda vyote toka hapa mpaka Tunduma tunaletewa na Mzee Beda, sisi tunauza tu. Hii imekuja Jumapili asubuhi, ina vitu vingi kuliko zote."

Winifrida alitoa kitambulisho. Binti alisoma, akakaa chini sakafuni.

"Mimi muuzaji tu, mama. Wallahi, muuzaji tu."

"Hata Adolfu alikuwa muuzaji tu. Simama, binti. Utakuja kusema hivyohivyo mbele ya hakimu, na hakuna atakayekugusa."

Nyanda alikuwa anaifunga diski kwenye bahasha ya vielelezo simu ya Winifrida ilipoita. Alikuwa Daktari Yohanes wa hospitalini, na hakusalimia.

"Inspekta, nakutafuta tangu asubuhi! Wenye maiti wameshapewa mwili, lakini wewe ujue. Hakuna masizi kooni, wala mapafuni. Alikuwa ameshakufa moto unawashwa. Na kisogo kimevunjika. Alipigwa na kitu cha chuma, kizito, mara moja tu."

*

Ghala la Mzee Beda lilinukia mahindi makavu na dawa ya wadudu. Makuli wanne walikuwa wanapakia lori uani, na mwenyewe, mzee mnene wa shati jeupe na rozari shingoni, alikuwa amekaa kando ya mizani. Alisimama alipowaona.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Karibuni. Mmetoka msibani? Nimeumia kutokuwepo." Akaita viti. "Mtu mwema yule. Haya mambo ya radi, serikali ifike mahali iseme."

"Serikali imekuja kusema. Nakala yako ya Ulezi Mchungu iko wapi?"

Hakushtuka. Alifikiri kidogo, kisha akafungua mikono. "Ukiniuliza kama nimeipeleka vibandani, sitakudanganya. Nimeipeleka. Ni yangu nusu."

"Na nusu ya Mariana?"

"Sikiliza, mwanangu. Anayeweza kununua gunia ananunua gunia. Asiyeweza, unampimia kwa kopo. Kampuni ya Dar es Salaam inauza magunia: uwe na kadi, uwe na simu kubwa, uwe na bando la kuunguza. Hapa Laela wako wangapi hao? Bibi zetu wanaoongea Kifipa hicho, nani angewaonyesha? Kampuni haikuwahesabu kabisa. Mimi nimewapimia kopo. Hapo nimemwibia nani?"

Winifrida alimsikiliza hadi mwisho, na kilichomtisha ni kwamba kulikuwa na ukweli ndani yake. Mama yake mwenyewe alikuwa mteja wa kopo.

"Ungemwambia Mariana hivyo," alisema. "Mngepanga. Mngemwomba huyo wa Dar es Salaam ruhusa ya kopo. Kwa nini ulitaka asijue?"

"Angetaka fungu."

"Na Adolfu alitaka nini Jumamosi, alipokataa kukuuzia?"

Winifrida alimwashiria Nyanda kwa kidevu, Nyanda akainua bahasha, mstari wa zambarau ukaonekana kupitia plastiki. Mzee Beda aliutazama. Mkono wake ukaenda kwenye rozari, ukashuka. Kisha akasema neno moja kwa Kifipa bila kugeuka, na nyuma yao geti la bati likasukumwa likafungwa. Makuli waliacha kupakia. Walisimama na mwanga wa kijivu mgongoni, mikono mitupu, wakingoja waambiwe.

Nyanda aliikumbatia bahasha kifuani. Simu ya Winifrida ikaita.

Alikuwa Rozina. Nyuma ya sauti yake zilisikika nyingine nyingi, na filimbi iliyokuwa inapigwa bila kupumzika.

"Afande, wametoka makaburini wamenileta Kasense. Wamezunguka nyumba. Wana petroli. Bertila anasema hawafanyi kitu mpaka mimi mwenye msiba nitamke. Nitamke nini? Wananisukuma. Yuko ndani, namsikia analia."

Polisi wa karibu na Kasense walikuwa mjini, ng'ambo ya mashamba, na wasingewahi. Winifrida alilijua jambo alilopaswa kumwambia mjane huyu, na alikuwa amekusudia kumwambia akiwa ameketi naye, amemshika mkono. Sasa nafasi hiyo haikuwepo.

"Rozina. Weka simu kwa sauti kubwa, waisikie."

Naye Winifrida akaweka yake kwa sauti kubwa, akaishika juu katikati ya ghala.

"Mimi ni Inspekta Sikazwe. Adolfu hakufa kwa radi. Daktari amempima. Alipigwa chuma kisogoni, akafa, ndipo duka likachomwa moto. Diski zake ziliibwa, na moja ninayo hapa. Alipigwa kwa sababu alitaka kumrudishia Mariana mali yake. Mnasikia? Huyo mnayetaka kumchoma ndiye ambaye Adolfu alikufa kwa ajili yake."

Huko Kasense filimbi ikakoma. Kisha ukasikika mlio ambao Winifrida hakuusahau, Rozina akivuta hewa na hewa haiingii.

"Chuma," alisema Rozina hatimaye. Hakuwa anaongea na simu, alikuwa anaongea na watu. "Mmesikia. Radi ya nani inashika chuma? Wekeni chini hayo madumu. Bertila, weka chini. Anayemtaka Mariana aanze na mimi."

Kitu cha plastiki kilianguka kwenye majani. Kikafuata kingine. Miguu ilianza kusogea, kwanza michache, halafu mingi, na mlango ukafunguliwa, na sauti mbili za wanawake zikalia zikiwa karibu sana, zimeshikana.

Ghalani, makuli walikuwa wamesikia kila neno. Mmoja wao alivua kofia.

"Afande." Rozina alikuwa amerudi kwenye simu. "Ni nani?"

Winifrida alimtazama Mzee Beda. Jasho lilikuwa limetoka juu ya mdomo wake, katika baridi ile. Alimnyooshea simu, akaiweka karibu na kinywa chake, na akasubiri.

"Mjibu mzazi mwenzako."

Mzee akatazama makuli, wote wanne, mmoja baada ya mwingine, na hakupata macho ya mtu.

"Shemeji," alisema.

Alisema hilo tu, na lilitosha. Upande wa pili hakuna aliyeuliza sauti ile ni ya nani. Mvua ilianza kudondoka juu ya bati, tone moja moja, na yule kuli aliyevua kofia akageuka, akatembea hadi getini, akalifungua wazi kabisa.